Uzi wa Mafundo Matatu

Fundi Placide alikataa kusema lolote mpaka amalize kutia mfuko kwenye suruali iliyokuwa mashineni. Inspekta Fidèle Muzaliwa akavuta kigoda, akaketi mlangoni mwa kibanda, akasubiri. Kusubiri alikuzoea. Upelelezi pale Kasongo, katika ofisi isiyo na umeme wala maabara, ni nusu kusubiri na nusu kuuliza swali lile lile mara ya nne. Lakini Ijumaa ile muda ulikuwa umemwishia. Jumatatu asubuhi Pacifique Assumani, dereva wa pikipiki, angesimamishwa mbele ya majaji watatu kwa kumuua karani wa mahakama, na kosa hilo adhabu yake ni kifo. Aliyemkamata Pacifique ni Fidèle mwenyewe. Alimkamata kwa pupa, na pupa ile sasa ilikuwa inamkosesha raha.

Maiti ya karani, Jean-Pierre Kalonda, ilikutwa Jumapili moja, majuma mawili nyuma, chini ya daraja la mbao katika barabara ya Kabambare. Kisogo kilikuwa kimepasuka, kamba za viatu bado zimefungwa vizuri. Koti lake la mvua likakutwa nyumbani kwa Pacifique, limeanikwa uani. Watu wa mjini waliona koti lile linatosha. Pacifique hakulikana koti. Alijieleza tangu siku ya kwanza, na maelezo yake hayakubadilika hata neno moja, jambo ambalo huwashinda waongo.

"Nilimupeleka Kabambare siku ya ine," alisema. "Alikuwa na kifurushi ya kulainika, amekifunga na gazeti. Alisema ni ya mutoto wa masomo. Saa sita tulifika. Mvua ilikuwa inakuya, akanipatia koti yake, akasema mimi nirudi, yeye iko na njia yake kesho. Nilirudi. Ni ile tu."

Siku ya ine ni Alhamisi. Ijumaa yake Pacifique alikuwa Kasongo tangu alfajiri. Safu nzima ya mbele msikitini ilimuona. Lakini daktari hakuweza kutaja siku ya kifo, na Prokireri, mwendesha mashtaka na mkuu wa Fidèle, alishaamua kwamba karani aliuawa Alhamisi ile ile, njiani. Kwa hiyo ushahidi wa msikiti mzima haukuwa na kazi.

Kisha kulikuwa na barua. Iliandikwa na rais wa mahakama, Bi Apolline Muhona, ambaye mji wote humwita Prezidenti, na ambaye ndiye angekalia kiti cha kati siku ya Jumatatu. Ilikuwa na mistari minne, sahihi na muhuri. *Karani Kalonda hakuwa na ruhusa ya kusafiri. Sikumtuma popote. Sina mtu wala shauri Kabambare. Gari la mahakama lilikuwa bovu juma hilo lote.* Fidèle alikuwa ameisoma mpaka karatasi ikalegea mikunjoni. Mistari mitatu ya kwanza ilijibu maswali aliyouliza. Wa nne ulijibu swali ambalo hakuna mtu aliyeliuliza.

Alipomwonyesha Prokireri, mkubwa yule alivua miwani na kuvaa tena. Akasema hataki kusikia uvumi juu ya Prezidenti. Akitaka kumgusa mwanamke yule, Fidèle alete kitu cha kushika mkononi, au anyamaze.

Hapo kwanza alikwenda Salamabila, kwa kuwa kila mtu alisema kifurushi kilikuwa dhahabu. Alikaa huko siku mbili akihoji wachimbaji na wanunuzi, akarudi na matope mpaka magotini na kikohozi. Hakuna aliyewahi kumuona karani. Akiwa njiani kurudi ndipo alipojiona mjinga. Dhahabu hailainiki, tena hutoka Salamabila, haipelekwi na mtu kutoka Kasongo. Kitu laini, cha mtoto wa shule, juma moja kabla shule kufunguliwa, ni nguo ya shule. Mafundi wanaoshona nguo za shule sokoni Kasongo ni sita. Placide alikuwa wa sita.

Mzee akakata uzi kwa meno, akaikunja suruali.

"Sasa uliza," alisema.

Fidèle akauliza kama Jean-Pierre Kalonda aliwahi kuchukua nguo hapa. Fundi akaiweka suruali kando. Aliinuka, akaenda ukutani, akashusha kitita cha nyuzi kutoka kwenye msumari.

Watu wa mbali hawamleti mtoto kwa fundi. Huleta uzi. Mama humpima mtoto nyumbani kwa uzi wa katani: fundo la kwanza ni urefu wa mkono, la pili urefu wa sketi, la tatu mzunguko wa kiuno, yote yakihesabiwa kutoka ncha moja. Uzi unasafiri mfukoni mwa mtu yeyote, na nguo inarudi inakaa. Placide hakuwahi kutupa uzi hata mmoja, maana wateja ni wagomvi. Nguo ikibana, anawatolea uzi wao wenyewe na ugomvi unaisha. Kila uzi alikuwa ameufunga kikaratasi chenye jina la aliyeagiza.

Akatenga nyuzi tisa, akazilaza mezani moja chini ya nyingine. Wa kwanza ulikuwa mfupi, wa mtoto wa miaka sita. Wa tisa ulikuwa wa msichana mkubwa. Fidèle akainama kusoma vikaratasi. Vitatu vya kwanza viliandikwa *Honorable*, anavyoitwa mbunge. Vilivyofuata viliandikwa *Mama Apolline*, bila cheo. Viwili vya mwisho viliandikwa *Prezidenti*.

"Anayeagiza ni mutu moya," Placide alisema. "Kazi yake njo inabadilikaka."

Akaeleza kwa sauti ya chini, vidole vyake vikilainisha nyuzi. Yeye ndiye aliyemshonea Apolline joho la kwanza, alipotoka chuoni na kuwa wakili, binti wa mwalimu wa shule ya msingi kule Nyangwe. Siku zile alikwenda kwenye kesi juu ya pikipiki za watu, joho ndani ya mfuko wa plastiki, na aliwatetea wakulima ambao mawakili wengine walikuwa hawawasalimii. Kisha akachaguliwa mbunge, akashonewa suti za kwenda Kinshasa. Kisha akapoteza kiti, na miaka minne hakushona kitu chake mwenyewe, ila kila mwezi wa nane uzi wa mtoto ulikuja. Kisha serikali ikamfanya jaji. Alileta lile lile joho la uwakili, Placide akalibadilisha kola na mikono.

"Nguo ni ile ile, papa. Mimi niliikata, mimi naijua. Ilikuwa nguo ya kutetea watu."

Mtoto ni wa nani? Fundi hakumjua. Uzi ulikuja na Jean-Pierre, nguo ilikwenda na Jean-Pierre, miaka yote tisa. Fidèle akachukua uzi wa tisa, akaandika hati ya kuuchukua, akasoma kwa sauti, mzee akatia sahihi. Mkono wa mzee ulikuwa mzito kwenye kalamu kuliko kwenye mkasi.

Kulikuwa na jambo la pili ambalo Fidèle hakumwambia mtu. Asubuhi ya siku iliyotangulia alikuwa ameomba kuona daftari la zamani la mashauri. Mwezi wa nne mwaka huu mahakama, Prezidenti akiwa kitini, ilimpa tajiri mmoja wa dhahabu kilima kiitwacho Mukombe huko Kabambare, na familia iliyokuwa ikilima pale ikaondolewa. Karani katika shauri hilo alikuwa Jean-Pierre. Fidèle alitaka kujua kama kilima kile kiliwahi kugombewa kabla. Fahirisi ya daftari ilisema ndiyo: shauri namba 212, familia ya Salumu, kilima Mukombe, hukumu ya tarehe ishirini na sita, mwezi wa pili, mwaka elfu mbili na kumi, familia imeshinda. Alipofungua ukurasa wa 212, ambao ungeonyesha wakili alikuwa nani, ukurasa haukuwapo. Ulikatwa kwa wembe, safi, karibu kabisa na mshono.

Sheria ya jambo hili hata mwanafunzi wa mwaka wa kwanza anaijua. Aliyekuwa wakili katika shauri hawezi kulikalia kama jaji. Akilikalia, hukumu ni bure na joho linavuliwa. Lakini jaji wa zamani alikuwa amekufa, wakili wa upande wa pili pia, na ukurasa ulikuwa majivu mahali fulani. Walibaki wenye kilima.

Fidèle aliondoka Kasongo saa saba mchana, nyuma ya pikipiki, uzi ndani ya bahasha na bahasha ndani ya shati. Barabara ya Kabambare ilimpiga kiuno mpaka jua likazama. Walilala kijijini, katika nyumba ya katekista, na saa nne Jumamosi asubuhi alikuwa Kabambare akiuliza wapi wanakaa watu wa Salumu. Wakamwonyesha nyumba mbili za udongo nyuma ya soko. Zamani, mwonyeshaji aliongeza, walikaa kilimani.

Mama Régina Salumu alikuwa anapepeta mchele kwenye ungo. Alikuwa mwanamke mwembamba, macho yameingia ukungu wa uzee. Alimkaribisha vizuri, akaagiza kiti na maji, akauliza habari za barabara. Fidèle akajitaja jina na kazi. Akasema Jean-Pierre amekufa, jambo ambalo walishalisikia, na kwamba anatafuta nyumba alikofikia siku ya mwisho. Ungo haukusimama.

"Alifika hapa, mama?"

"Papa, kama ni mambo ya ule mama wa Kasongo, mimi sina kinywa."

Fidèle hakuwa amemtaja mama yeyote. Aliliacha lile neno lipite, akanywa maji, akamuuliza taratibu kwa nini.

Bibi akamweleza, kama mtu anayemfundisha mgeni mila ambayo hata mtoto anapaswa kuijua. Walikuwa karibu kupoteza kilima, zamani, na mwanamke wakili alikuja juu ya pikipiki akakitetea bila kuwaomba hata kuku. Wakashinda. Wakati huo huo nyumba yao ikapata mtoto. Hawakuwa na kitu cha kumpa yule wakili, kwa hiyo wakampa mtoto: wakamtia jina lake, lote, pamoja na cheo chake. Kwao, mtu na yule aliyepewa jina lake huitana majina, na huo ni undugu. Majina mkubwa humvika majina mdogo. Na nyumba ya majina mdogo haimsemi majina mkubwa.

"Majina ya mutu hawamusemi mubaya," alisema. "Ukimusema mubaya, ile mubaya inarudia mutoto. Njo vile tulizaliwa."

"Mama, mwezi wa nne aliwanyang'anya kilima."

Sasa ungo ukasimama. Pumba za mchele zikaendelea kuruka kidogo hewani. Fidèle alidhani amepata mlango.

"Ni yeye alitupatia, ni yeye alitukamatia," Régina alisema. "Mutoto wangu mwanaume anachimbia watu Salamabila, mu kilima iko mugeni. Ninajua. Lakini ile iko ya sisi na yeye. Haiko ya polisi."

Akaendelea kupepeta. Fidèle akaona hasira inampanda, akaona aibu kwa hasira yake, kwa sababu mwanamke huyu alikuwa amenyang'anywa kila kitu na bado alikuwa na kitu cha kulinda. Alimweleza habari za Pacifique. Hakupamba. Kuna mtu gerezani Kasongo, ana mke, ana mama mzazi ambaye kila siku huleta chakula kwenye lango na kurudishwa nacho nusu. Jumatatu atahukumiwa kufa kwa kumuua Jean-Pierre, na Fidèle ndiye aliyemtia pingu, na sasa anaamini hakuua. Régina alisikiliza mpaka mwisho.

"Naye iko mutoto wa mutu," alisema polepole. Machozi yalikuwa yanamtoka, hakuyafuta. Lakini mikono iliendelea kupepeta.

Wakakaa. Kengele ya shule ikalia, maana Jumamosi hufunga mapema, na watoto wakaanza kupita sokoni. Mmoja alikata kona akaingia uani: msichana mrefu, wa miaka kumi na minne hivi, daftari kifuani, blauzi nyeupe na sketi ya buluu. Nguo zilikuwa mpya. Sketi ilikata palepale kwenye goti, mikono ya blauzi palepale kwenye kifundo. Akapiga goti kidogo kumsalimu mgeni.

Fidèle akaweka kikombe chini. Sheria ilisema mtoto husikilizwa mbele ya mlezi wake na kwa idhini yake. Akamgeukia bibi.

"Mama Régina, sitamuuliza mubaya ya mutu. Nitamuuliza jina yake na nguo yake, basi. Unaruhusu?"

Bibi alifikiri kwa muda mrefu. Alikuwa anatafuta mtego ndani ya ombi, na Fidèle, kwa heshima, alimpa nafasi ya kuutafuta.

"Jina haiko mubaya," alisema mwishowe. "Uliza."

Fidèle akatoa karatasi za PV, hati ya maelezo ya shahidi, akaziweka juu ya kibao gotini. Akaandika tarehe, mahali, saa. Akaandika kwamba Mama Régina Salumu, bibi na mlezi, yupo na ameridhia.

"Jina lako lote?"

"Salumu Maître Apolline."

"Maître ni jina la shuleni tu, ama limeandikwa?"

"Iko mu karatasi ya ubatizo. Hapa nyumbani wananiitaka Maître tu."

"Ulizaliwa lini?"

"Tarehe tano, mwezi ya tatu, elfu mbili na kumi."

Kalamu ikasimama kidogo juu ya karatasi. Hukumu ya kilima ilitoka tarehe ishirini na sita ya mwezi wa pili. Siku saba kabla. Na mtoto hakuitwa Honorable, wala hakuitwa Prezidenti, kwa sababu siku ile mwanamke yule alikuwa bado hajawa hayo. Alikuwa wakili, ambaye huku huitwa Maître, na hakuna nyumba Kabambare ingempa binti yake jina la wakili ambaye hakuwahi kuifanyia kitu. Prezidenti alikuwa amekata ukurasa wa 212 kwa wembe. Ukurasa mwingine ulikuwa umesimama hapa, umevaa sketi aliyoilipia mwenyewe. Na karani, aliyeleta nguo hapa miaka tisa, aliujua, naye sasa alikuwa amekufa.

"Kwa nini walikupa jina hilo?"

"Juu mama majina alituteteyaka kilima. Walishinda, kisha juma moya mimi nikazaliwa. Bibi njo alichagua."

Fidèle aliandika neno kwa neno. Aliona kwa pembe ya jicho kwamba bibi ameshaelewa. Mikono ilikuwa imetulia ndani ya mchele. Lakini hakukuwa na baya lililosemwa, na bibi, aliyeishi maisha yake yote kwa kushika neno lake, hakuweza kulirudisha.

Akatoa uzi kutoka kwenye bahasha. Msichana akacheka alipouona. Ni yeye aliyefunga mafundo yale, alisema, kwa kuwa macho ya bibi hayaoni tena. Akanyoosha mkono bila kuombwa. Fundo la kwanza likaangukia kifundoni. La pili likaangukia kwenye upindo wa sketi. La tatu Fidèle alimwachia bibi, naye akauzungusha uzi kiunoni mwa mjukuu wake na kulikuta fundo kwa vidole, akaitikia kwa kichwa. Fidèle akaandika yote matatu.

"Nguo hii nani aliileta?"

"Papa Jean-Pierre. Siku ya ine, juma ya mwisho mbele ya masomo. Saa sita. Alikuya na mutu wa moto, wa pikipiki. Ule wa moto alirudi palepale, papa Jean-Pierre akalala kwetu."

Hapo Fidèle alifumbata kalamu ndani ya ngumi. Aliahidi jina na nguo, na jina na nguo alikuwa amevipata. Barua ya Prezidenti ilikuwa imeshavunjika: alikuwa na mtu Kabambare, na alikuwa na shauri Kabambare. Pacifique alikuwa amesema kweli juu ya kifurushi. Lakini Prokireri angesema Pacifique aligeuza njiani, akamvizia karani siku hiyo hiyo. Maneno ya mtoto kwamba karani alilala pale yangehitaji jambo moja zaidi: aliondokaje asubuhi, na nani? Swali lilikuwa ulimini. Alimtazama bibi, na bibi alimtazama yeye, na wote wawili walijua ni swali gani.

Hakuliuliza. Alikuwa amekwisha kumkamata mtu mmoja kwa pupa mwezi ule. Akamsomea msichana maelezo yake, akamwonyesha pa kutia sahihi. Msichana akaandika jina lake lote kwa mwandiko mzuri wa shule. Fidèle akakunja karatasi, akashukuru, akasimama. Mguu wake wa kulia ulikuwa umekufa ganzi, na moyo wake ulikuwa mzito kuliko alipofika. Alifikiria lango la gereza na yule mama mwenye sufuria.

"Papa inspekta," msichana alisema. "Ukirudia Kasongo utamuona mama majina?"

"Nitamuona."

"Umuulize nilimukosea nini."

Fidèle akageuka. Msichana alikuwa anasokota ncha ya ule uzi.

"Kwa nini unasema hivyo, mama?" alimuuliza, akimwita kama mtu anavyomwita binti yake.

"Siku ya tano asubui alikuya na jeep ya tribinali kumuchukua papa Jean-Pierre. Sikujua kama njo yeye atakuya. Nilivaa iyi nguo mbio, nikakimbia barabarani nimuoneshe. Alikuwa anakaa mbele. Aliniona. Kila mara anapopitaka huku anashuka, ananizungusha aone nguo inakaa namna gani. Ile siku hakushuka. Papa Jean-Pierre alipanda nyuma, akanipungia mukono. Yeye aliangalia mbele tu, kioo ikapanda." Akaulegeza uzi. "Nilifikiri labda ni juu ya kilima. Lakini mimi sikumuteta juu ya kilima. Hakuna mutu wa hapa alimuteta."

Jeep ya mahakama. Gari lililokuwa bovu juma lote. Karani aliyekuwa hai Ijumaa asubuhi, siku ambayo Pacifique alikuwa Kasongo, msikitini, mbele ya watu wote. Na daraja la mbao liko kilomita kumi na mbili tu kutoka hapa, kwenye njia ya kurudi. Fidèle alikuwa na kila alichokitaka, na hakikumfurahisha hata kidogo.

Alimgeukia Régina. Alitegemea kukatazwa, na alikuwa tayari kukubali. Bibi alikuwa amefunika uso kwa pindo la kitenge chake. Alipolishusha, sauti yake ilikuwa kavu.

"Andika, papa. Mutoto hakusema mubaya. Anauliza tu."

Fidèle akaketi tena. Akafungua zile karatasi, na chini ya sahihi akaandika, kama sheria inavyotaka, kwamba shahidi ameomba kuongeza. Akaandika jeep, saa, nani alikaa mbele na nani alipanda nyuma. Akaandika kioo. Mwisho kabisa, kwenye mstari wake peke yake, akaandika swali, kwa maneno ya msichana mwenyewe, bila kuyanyoosha. Akamsomea. Msichana akasema ni hivyo hivyo, akachukua kalamu, akatia sahihi mara ya pili: Salumu Maître Apolline.

Maelezo ya shahidi husomwa mahakamani kwa sauti, kuanzia jina mpaka neno la mwisho. Jumatatu Prokireri angesimama na kuyasoma. Na aliyeulizwa angekuwa ameketi mbele yake kwenye kiti cha kati, akilisikia jina lake mwenyewe, amevaa joho lililoshonwa na fundi yule yule.